Babu Asiyefunga Goli

Jumamosi, saa nne asubuhi, manyunyu. Katika basi la Ilford, Mwende, mtunza wazee, alimweleza abiria mwenzake, Déogratias, nami nikisikiliza kiti cha nyuma yao, kwamba mzee wake Mwaustralia anatimiza miaka tisini leo, na zawadi aliyoomba ni hotuba ya kumsifu babu yake, mchezaji wa enzi za mwanzo za kandanda ya kwao, isiyo kama hii yetu.

"Alifunga magoli mangapi?" Déogratias aliuliza. "Hata moja. Mipira yake yote ilipita kando. Kwao kukosa hivyo hupewa pointi moja, ila sheria hiyo ilikuja akiwa ameshastaafu." "Mama, huyo si wa kusifiwa, ni wa kuombewa." "Walimpanga miaka tisa, kaka." "Basi nahodha alikuwa shemeji yake."

Basi lilisimama. Déogratias alishuka akicheka. Mwende alishuka akiirudia hotuba yake kwa sauti, na yule nahodha shemeji alikuwa ameshaingia ndani ya hotuba. Mimi nilikuwa nimepitiliza kituo changu.