Jamhuri ya Rusinga Yatangazwa Migori

Nyuma ya soko la Migori, mbele ya duka la blanketi la Abdishakur, kuna benchi la mbao ambalo limesikia uongo mwingi kuliko padri yeyote wa kaunti hii. Abdishakur huuza kahawa chungu yenye tangawizi, na wanaokuja kuinywa huja na lao la kusema. Kwa miaka mingi mtu wa visiwa hapo alikuwa Cephas, fundi cherehani mzaliwa wa Rusinga, kisiwa cha Ziwa Victoria. Walimwita Baharia, ingawa hakuna aliyewahi kumwona na kasia mkononi. Habari yoyote ya maji, samaki au mawimbi ilipita kwake kwanza. Basi wiki hii akarudi Elkana, mwashi wa Awendo, kutoka Shelisheli alikokuwa akijenga nyumba za watalii, na bila kuomba ruhusa ya mtu akaketi katikati ya Cephas na Millicent, muuza omena, wale dagaa wa ziwani. Wivu ulimshika Cephas hapo hapo, na ulimshika vibaya. Millicent ndiye mwanamke aliyekuwa akimbembeleza tangu mvua za mwaka jana. Alikuwa amemwahidi kumpeleka Rusinga na kumwoa, na sasa Millicent hakuuliza tena habari za Rusinga. Aliuliza za Shelisheli.

— Na maji yake iko aje? Millicent alisema, beseni la omena magotini.

— Safi, yawa! Elkana alijibu. Unaingia mpaka kifua na bado unaona vidole vya miguu. Na mji mkuu wao unaitwa Victoria.

Cephas aliruka kama aliyekalia sindano yake mwenyewe.

— Victoria ni yetu! Hao watu wametuibia jina ya ziwa!

— Na wewe ulilitoa wapi, Baharia? Abdishakur aliuliza akimimina. Si ni malkia wa Mwingereza alituachia sisi sote? Wazee wenu waliliita Nam Lolwe.

— Bado ni wizi, alisema Kerosi. Tuwashtaki.

Kerosi ni mtu wa bodaboda kutoka Kisii, na walimwita Breki kwa sababu maneno yake hayana.

Cephas alipiga funda la kahawa ili atulie. Hakutulia. Elkana alikuwa amemletea Millicent magome ya mdalasini kutoka huko kisiwani, Millicent naye akampa Abdishakur atie kwenye birika ili kila mtu aonje, kwa hivyo asubuhi hiyo kahawa yote ilikuwa na ladha ya Elkana.

— Usiku wanawasha moto, Elkana aliendelea. Wanapasha ngoma ya ngozi ya mbuzi mpaka inakaza, halafu wanacheza karibu-karibu, lakini hawagusani. Ni ngoma ya watumwa wa zamani, wale Wafaransa walipeleka kulima. Hapo mbeleni kisiwa kilikuwa na kobe tu, hakuna mtu. Sasa wako na lugha yao, Krioli.

— Na wewe ulicheza? Millicent aliuliza.

— Kidogo.

Hiyo "kidogo" ilimchoma Cephas kuliko yote.

— Hata sisi tuko na lugha yetu! alisema. Rusinga ni Kisuba. Na watu wetu hawakuletwa na Mfaransa.

— Si uongee kidogo tusikie, Kerosi alisema.

Cephas alikohoa, akapangusa mdomo.

— Babu yangu alikuwa anaongea sana.

Walicheka, na Millicent alicheka nao. Ndipo Cephas akatoa silaha aliyokuwa amejiandaa nayo. Jana alishinda kwenye simu huku suruali za wateja zikimngojea mezani, na alikuwa amevuna.

— Nyinyi mnajua Nauru?

Hakuna aliyejua. Hata Elkana alitikisa kichwa, na Cephas akapumua vizuri kwa mara ya kwanza wiki hiyo.

— Nauru ni kisiwa kule Pasifiki. Unakizunguka na bodaboda kabla chai ipoe. Nusu ya Rusinga! Watu wake hawafikii hata wale wetu. Lakini wako na rais, wako na bendera, na wako na kiti Umoja wa Mataifa. Kiti! Mtu wa Nauru anakaa hapo anaulizwa maoni yake kuhusu vita. Nani ameshawahi kuuliza mtu wa Rusinga kitu?

— Aah, hiyo si haki, Abdishakur alisema.

— Na Tuvalu ni hivyo hivyo. Ndogo kuliko sisi, lakini nchi kamili.

— Wanakula nini huko Nauru? Millicent aliuliza, na safari hii alikuwa amemgeukia yeye.

Cephas alinyoosha mgongo.

— Walichimba mbolea. Mavi ya ndege ya zamani, imekauka ikawa mawe. Walitajirika mpaka serikali yao ikajenga jumba refu kule Australia.

— Halafu? Elkana aliuliza.

— Halafu ikaisha kidogo.

— Buda, ngojeni! Kerosi alisimama. Si karibu na Mbita kuna kile kisiwa cha ndege? Wale weusi wanakaa juu ya miti mpaka miti inakuwa nyeupe? Hiyo ni dhahabu imelala! Rusinga itangazwe nchi leo. Mimi nachukua Wizara ya Mavi.

— Na lile daraja la Mbita? Abdishakur aliuliza. Nchi ya kisiwa haiwezi kuwa na daraja. Mtu anatoka Mbita huku bara anaingia na miguu tu, kama anaenda posho mill kusaga unga.

— Tunaweka geti hapo katikati, Kerosi alisema. Pasipoti! Na bodaboda ya kigeni inalipa mara mbili.

— Na zile mifupa za kale zilichimbwa kwetu, Cephas aliongeza, ameshapandwa na mori wa nchi yake. Fuvu la nyani wa zamani kabisa. Shelisheli iko na kobe, sisi tuko na babu wa kila mtu. Wazungu wote watakuja na viza kusalimia babu yao!

— Na mimi nikivuka kununua omena nitalipa ushuru? Millicent aliuliza.

Cephas alimtazama Elkana kwanza, kisha akajibu polepole ili kila mtu asikie.

— Wewe hutalipa. Wewe utakuwa raia.

— Kwa njia gani?

— Ya ndoa.

Benchi lilipasuka kwa kelele. Kerosi alipiga makofi, Abdishakur akainua birika juu, na Millicent akaficha uso kwenye leso, anacheka. Elkana alitazama viatu vyake. Cephas alijiona rais aliyeapishwa.

— Cephas.

Mwanaume mwembamba alikuwa amesimama kando ya mlango wa duka, kofia mkononi. Cephas alimtambua na uso ukamshuka.

— Omondi? Kuna nini? Ni mama?

— Mama yuko sawa. Anakusalimia.

— Huyu ni ndugu yangu, mdogo wangu, Cephas aliwaambia wenzake haraka haraka. Ametoka Rusinga.

— Mwananchi wa kwanza! Kerosi alisema. Mpe kahawa!

Omondi aliipokea, akainywa akiwa amesimama, akarudisha kikombe.

— Owadwa, ndugu yangu, nikipiga simu hushiki, ndio maana nimekuja. Ni swali moja tu. Utajenga lini?

Cephas alichomoa uzi kwenye mkono wa shati lake. Omondi aliona wengine hawajaelewa, akawageukia kwa adabu.

— Yeye ndiye mkubwa. Kama hajasimamisha nyumba yake pale nyumbani, mimi mdogo siwezi kusimamisha yangu. Mama amekataa kabisa, anasema nitaleta chira, ile laana ya kuvunja mila, watoto waanze kuugua. Mabati ninayo, imeegemea ukuta mpaka inashika kutu. Bibi yangu na watoto wanalala jikoni kwa mama. Mwaka huu mvua imetuingilia humo humo.

Kerosi aliketi. Elkana alikuna shingo, kisha akasema kwa sauti ya chini:

— Baharia, mimi ni mwashi. Si twende wote? Nitakujengea. Unipatie chakula tu, basi.

Angetukanwa, Cephas angevumilia. Aliiona ile nyumba, kuta zimepigwa plasta na Elkana, mlango umetiwa bawaba na Elkana, na Millicent anaingia humo akisifu kazi.

— Nyumba yangu nitajenga mwenyewe! alifoka.

— Sawa, Omondi alisema bila hasira. Lini?

Cephas alizungusha kikombe mkononi. Mambo ya Nauru angeyajibu yote, hata usingizini. Alimgeukia Millicent akitumaini atacheka, maana Millicent akicheka kila jambo huwa dogo. Millicent hakucheka. Alikuwa ameshafunika omena yake, anamtazama machoni, na yeye pia anangojea jibu.