Mkono wa Kulia wa Papa Kwintiano

Ndugu mashemasi, wajane, wachimba makaburi mliotupatia nafasi hii chini ya ardhi, nanyi wenzangu wa mlangoni, kwa niaba ya ukoo wa baba yetu mzazi Marselo, mfua sufu, mimi Vitalia, mdogo wake, nawasomea maisha ya kaka yangu, askofu wetu.

Marehemu Papa Kwintiano alizaliwa tarehe tano Mei, mwaka ule mto Tiberi ulipofurika hadi sokoni, hapahapa Roma, ng'ambo ya mto, akasomeshwa na mwalimu wa Kigiriki nyuma ya soko la ng'ombe, akila viboko zaidi ya masomo kwa kuwa aliiga mwendo wa mwalimu. Alipotimiza miaka kumi na tisa alianza kubeba magunia ya ngano bandarini, akabatizwa Pasaka iliyofuata, akawa msomaji wa Maandiko kanisani, kisha shemasi kwa miaka kumi na mitano, na tarehe nane Septemba, miaka mitatu iliyopita, mkamchagua kuwa baba yetu sote.

Alimwoa Prokla, mshonaji, wakajaliwa binti mmoja, Maksima, aliyechukuliwa na homa akiwa na miaka minne, na mama yake akamfuata kabla mwaka haujaisha, naye marehemu hakuoa tena.

Mwaka jana ilipotoka amri ya Kaisari ya kila mtu kuitolea miungu sadaka na kupewa cheti cha kuthibitisha, baadhi yetu tuliogopa, nami nilitupa chembe tatu za ubani motoni, sina cha kujitetea. Marehemu hakutufukuza, alitupangia toba ya mwaka mzima, tusimame mlangoni wakati wa ibada bila kuugusa mkate wa Bwana, akaahidi kutuwekea mkono wa msamaha, ambao ni askofu pekee anayeweza kuuweka, Alhamisi ya kabla ya Pasaka, sote thelathini na mmoja, siku moja.

Alikamatwa tarehe pili Februari, akaugua mapafu gerezani, nami nilipompelekea uji wa dengu nikaona homa imemzidi, nikapiga magoti nikamwomba aniwekee mkono palepale, naye akaurudisha mkono ndani ya blanketi, akasema, "Mdogo wangu, na wale thelathini niwaambie nini, kwamba hawakuzaliwa na mama yetu? Ngoja, mtaingia wote." Nilikasirika, nikaondoka bila kumuaga, na jambo hilo linanitafuna hadi sasa. Alifariki juzi, saa tatu asubuhi, zikiwa zimebaki siku kumi na moja kufika Alhamisi hiyo.

Tunamshukuru tabibu Zotiko, aliyeingia gerezani akijifanya mwuza siki, majirani wa ghorofani kwetu, na wabeba mizigo wenzake wa zamani walioutoa mwili. Mashemasi wanasema hatuwezi kumchagua askofu mwingine, maana askari wanalinda kila nyumba tunamokusanyika, wala hawajui lini itawezekana.

Jana nikimwosha, wanawake tuliokuwa nao walipokwenda kuchota maji, niliuinua mkono wake wa kulia nikauweka kichwani pangu, ukateleza, nikauweka tena na kuushikilia, nikalia. Naungama mbele yenu kwamba mkono ule haukunifungulia kitu, na kwamba nilitaka kuwaruka wenzangu thelathini, jambo alilonikatalia akiwa hai.

Kaka, pumzika kwa amani ya Bwana uliyemkiri hadi mwisho. Alhamisi tutasimama mlangoni kama ulivyotupanga, ingawa hakuna atakayetoka kutupokea.