Maisha ya Sajini Fredi Nandonde na Jaketi Alilomvika Mwenzake

Marehemu Sajini Mstaafu Fredi Josephu Nandonde alizaliwa Kilambo tarehe 3 Machi 1954, mtoto wa nne wa Mzee Josephu, mkulima wa korosho, na Bibi Theresia. Mama yake alikuwa akisimulia kwamba mtoto huyu hakutambaa sawasawa. Alisimama, akaanguka, akaondoka mbio, na tangu hapo kazi ya nyumba nzima ikawa kumkamata.

Alisoma shule ya msingi Kilambo, kisha sekondari Mtwara mjini, akamaliza mwaka 1973. Huko alijulikana zaidi kwa mita 800 kuliko kwa hesabu. Mpinzani wake alikuwa Amiri Kassimu wa Msimbati, kijana aliyejifunza mbio kwenye mchanga wa pwani. Walitaniana uwanjani mpaka waamuzi wakawakemea, halafu wakala mihogo sahani moja. Mwaka 1975 wote wawili walivaa jaketi la bluu la timu ya mkoa, na mwaka uliofuata miguu yao ikawaingiza jeshini.

Tarehe 25 Juni 1977 alifunga ndoa na Felista, binti wa mwalimu kutoka Songea. Bi harusi alisikia kwamba kambini nguo hupotea, akachukua uzi mwekundu akashona jina FREDI ndani ya kola ya lile jaketi. Alijivunia sana kazi hiyo.

Vita vya Kagera vilipoanza, Fredi alikuwa tarishi wa kombania yake, akipeleka ujumbe kwa miguu pale redio zilipogoma. Januari 1979 Amiri alishikwa na homa, akitetemeka kwa baridi ya kule. Fredi akamvika jaketi lake chini ya sare, akaondoka na ujumbe. Hakumwona tena. Mzinga ulimuua Amiri siku hiyo hiyo, na askari wa kikosi kingine, wasiomjua, waliomzika pamoja na wanakijiji walisoma jina kwenye kola. Wakasimika msalaba, wakaandika Fredi. Fredi mwenyewe wakati huo alikuwa amehamishiwa kombania nyingine, akivuka mpaka bila kujua lolote.

Barua ya msiba, iliyotaja kaburi na msalaba wake, ilifika nyumbani kwao Magomeni, Mtwara mjini, mwezi Februari. Felista alinyoa nywele na matanga yakawekwa. Septemba mlango ukagongwa, na mumewe akasimama pale amekonda kama ufito. Felista aliogopa kumgusa.

"Kama ni wewe kweli, nilikushonea nini kwenye kola?"

"Jina langu, mke wangu. Lakini jaketi nilimpa Amiri."

Furaha yao haikumaliza hata dakika tano, maana wote wawili walielewa palepale nani yuko ndani ya lile kaburi.

Kesho yake walikwenda Msimbati kwa Bi Somoe, mama yake Amiri, aliyekuwa bado akimsubiri mwanawe. Alisikiliza mpaka mwisho, akauliza jambo moja tu: "Mwanangu Mwislamu, mmemwekea msalaba?" Fredi aliinamisha kichwa. Tangu siku ile Bi Somoe akawa mama yake. Fredi alimlimia, alimwezekea nyumba, akamzika mwaka 2003. Lakini msalaba ule hakuweza kuuondoa, kwa sababu mara mbili alikwenda Kagera kulitafuta kaburi, na mara mbili alirudi mikono mitupu. Alistaafu mwaka 1998, akawa anafundisha riadha watoto wa shule za Magomeni. Alicheka nao mchana kutwa, lakini akirudi nyumbani Felista alijua kilichomkaa moyoni.

Mwaka 2022 aligundulika kuwa na saratani ya tezi dume. Watoto walimwomba apumzike. Akawajibu, "Nikifa kabla ya kumtoa Amiri kwenye jina langu, mtanizika wapi?" Agosti 2023, akiwa na fimbo mkononi, alipanda basi pamoja na Hawa, mdogo wake Amiri. Safari hii walimkuta mzee mmoja aliyekuwa miongoni mwa wachimbaji wa kaburi. Msalaba ulikuwa umeoza, limebaki vumbi. Sheikh wa kijiji aliomba dua, na Hawa akasimamisha jiwe lenye jina la kaka yake. Fredi alirudi akala ugali sahani nzima, akalala hadi saa tatu asubuhi. Felista aliketi kando ya kitanda akilia kwa kufarijika.

Maumivu yalizidi mwaka huu, lakini hofu haikurudi. Alifariki nyumbani Magomeni, Jumamosi tarehe 14 Juni 2025, saa tisa alasiri, mkono wake ukiwa mkononi mwa mkewe. Hakuna barua iliyohitajika.

Ameacha mjane, Felista, watoto watatu, Doris, Frank na Zawadi, wajukuu wanane, na dada yake wa hiari, Bi Hawa Kassimu, aliyefika na watu wa Msimbati tangu alfajiri.

Mungu ampokee Sajini Fredi katika amani yake. Leo tunamsimikia msalaba, na safari hii ni wake.