Papa Bienaimé Balagizi, kutoka uchaguzi wa Chicago hadi Evere

Papa Bienaimé Balagizi alizaliwa Walungu, Kivu ya Kusini, tarehe 3 Machi 1954, mtoto wa nne wa mzee Balagizi, seremala wa misheni, na mama Nabintu. Alisoma shule ya msingi hapo hapo, kisha sekondari Bukavu, ambako alikimudu Kiingereza kuliko baadhi ya walimu wake. Ndiyo sababu kanisa lilimpeleka Chicago kusomea ualimu, Septemba 1981.

Waliomlipia masomo walimkataza siasa, naye alitii kwa mwaka na nusu. Ikafika tarehe 12 Aprili 1983, siku jiji hilo lilipomchagua meya wake wa kwanza mweusi. Papa, mgeni, hakuwa na haki ya kupiga kura, lakini tangu asubuhi alikuwa akiwasindikiza wazee vituoni. Bibi mmoja wa ghorofa ya nne, miguu imemvimba, Papa alimshusha ngazi zote akiwa amembeba mgongoni. Bibi akamuuliza kwao uchaguzi ukoje. Alijibu kwamba Zaire mgombea huwa mmoja tu. Bibi alicheka hadi wakakaribia kuanguka.

Picha yao ilitoka gazetini. Julai alirudishwa nyumbani, masomo yamekatwa.

“Diplôme iko wapi?” baba yake alimuuliza mlangoni.

“Sina, papa. Nilibeba maman moja kwenye kura.”

Mzee aliingia ndani, na kwa miezi miwili hakumsemesha.

Papa alifundisha Kiingereza Bukavu miaka kumi na mitatu. Tarehe 23 Agosti 1986 alifunga ndoa na Antoinette Nsimire, wakapata Laetitia, Mignonne na Riziki. Riziki alifariki njiani, Novemba 1996, familia ikikimbia vita. Alikuwa na miaka mitano. Kaburi lake hatulijui.

Walifika Brussels Februari 1998. Papa aliwahudumia wazee katika nyumba ya kulelea wazee huko Ganshoren kwa miaka kumi na minane. Alipata uraia, na tarehe 8 Oktoba 2006, akiwa na miaka hamsini na miwili, alivaa suti ya harusi yake akaenda kupiga kura, mara yake ya kwanza kuwa na majina ya kuchagua. Tangu hapo hakuwa amekosa uchaguzi hata mmoja.

Januari mwaka huu alipatikana na kansa ya kongosho. Jumapili iliyopita, tarehe 13 Oktoba, ilikuwa siku ya uchaguzi wa commune, yaani wa serikali ya mtaa, na huku kupiga kura ni lazima kisheria. Alijivalisha mwenyewe, ikamchukua saa nzima, akaomba barua yake ya kuitwa kura. Mignonne alikuwa ameificha.

“Docteur alikataza utoke, papa. Iko certificat yake, hawatakuuliza kitu.”

“Donc niko mugonjwa. Sijakufa.”

Hakumpa. Papa alikaa kitini na koti lake. Saa kumi aliuliza, “Wamefunga?”

“Ndiyo, papa.”

“Bon. Nivulie viatu.”

Alifariki nyumbani Evere, Brussels, Alhamisi tarehe 17 Oktoba 2024, saa kumi na mbili asubuhi. Tangu Jumapili hakuwa amelitaja tena jambo lile la kura. Ni Mignonne aliyeomba lisomwe leo, mbele yenu.

Ameacha mjane, Maman Antoinette. Mabinti wawili, Laetitia na Mignonne. Mdogo wake Élisée aliyeko Bukavu. Na wajukuu wanne. Bwana ampokee, na kule aliko maumivu yasimfuate.