Pedali Niliyoificha Chini ya Meza

Sifa kwa Bwana wetu, ndugu zangu! Mimi ni Ngoy, mshonaji wa mtaa wa Kamalondo. Leo nasimama mbele yenu kwa haya nyingi.

Mnamjua Kasongo wa mtaa wa Hewa Bora, mpiga gitaa wa kwaya yetu. Kila Jumamosi tulicheza mpira wa kompyuta kwa intaneti, yeye kwake, mimi kwenye atelie yangu ya kushonea. Alinifunga mpaka nikachoka kuchekwa. Basi nikachukua pedali ya mashini kuukuu ya kushona, nikaiunga kwenye waya wa intaneti chini ya meza. Kasongo akikaribia goli langu, nakanyaga kidogo tu. Mtandao unakatika nusu sekunde, amri ya vidole vyake inachelewa kufika kwangu, na mchezaji wake anachelewa kupiga. Nikaanza kushinda, na nilifurahi, ndugu zangu! Oneni upumbavu!

Siku moja akaniuliza kwa simu kuhusu mtandao: "Mudogo, kwako réseau iko namna gani?"

Nikamjibu kaka yangu huyo: "Iko bien, iko muzuri, yaya. Labda njo vidole yako inachelewa."

Jibu lile ndilo dhambi yangu kubwa. Sikujua kwamba marehemu baba yake aliugua ugonjwa wa kutetemeka mikono. Kwa miezi mitatu Kasongo aliamini kwamba sasa umemfikia yeye.

Ndipo akaja atelie amebeba gitaa lake. "Unishonee funiko ya nguvu, vumbi isiingie," akasema. "Sitapiga tena. Baba naye alianza hivi hivi."

Ndugu zangu, nilishika mkasi, nikauweka chini! Roho wa Bwana alinibana. Nilipiga magoti, nikaingia chini ya meza, nikang'oa ile pedali, nikaiweka mbele yake na kusema yote.

Hakunipiga. Aliangalia mikono yake muda mrefu. "Kila asubui nilikuwa nainua kikombe, niangalie kama mukono inatetemeka," akasema. Akachukua gitaa, akaenda zake.

Leo mmemsikia akipiga tena. Asante Yesu! Lakini kwangu hajarudi, na nikimsalimu haitikii. Nastahili. Bwana amenitoa kwenye uongo, namshukuru, ila moyo bado unaniuma kwa ajili ya rafiki yangu.

Na wewe, kama kuna mtu anayeogopa bure kwa sababu ya siri yako, mtegemee Bwana, umwendee mtu huyo leo. Hata asipokusamehe, kesho ataamka bila hofu.