Filamu ya Babake Akeyo

Ziwa lilipofurika na kuingia mtaa wetu wa Kihoto, watu walianza kwenda manyumbani kwao kwa boti. Asubuhi hiyo niliketi nyuma ya msichana mwenye kamera, aliyejitambulisha kwa mama wa kando yake kama Akeyo. Alisema anatengeneza filamu kuhusu baba yake, aliyeuawa kwenye fujo za uchaguzi, na sasa anaenda kuirekodi nyumba yao kabla haijaanguka.

"Na mamako anasemaje?" yule mama akauliza.

"Mathe wangu siku hizi anasahau. Huniuliza baba atarudi saa ngapi."

"Unamjibu nini?"

"Nilimwambia ukweli, kamera ikiwa on. Akalia kama ndio ameskia leo."

Abiria wote tulianza kuyatazama maji kwa makini, ingawa hayakuwa na lolote jipya.

"Ulimwambia mara moja tu?"

"Mara mbili," Akeyo akasema polepole. "Ya kwanza sauti haikushika."

Yule mama alifungua leso kichwani, akaikunja mapajani. "Si ungemwambia tu yuko njiani."

"Na nani atamkumbuka? Mimi nilikuwa mdogo. Hata sura yake sina."

"Msichana wangu, huyo mama amefiwa mara tatu, na mbili ni wewe."

Mwendeshaji alizima injini. Boti iligusa ukuta wa nyumba ya kina Akeyo, isiyo na mlango. Akeyo aliinua kamera juu ya kichwa isilowe, akashuka kwenye maji yaliyomfika kiunoni.