Gundi Isiyokauka

Benchi lenyewe ni ubao uliolazwa juu ya matofali, mbele ya kibanda cha Fundi viatu, na ukikaa hapo unauona mlima wote, toka msituni hadi kwenye theluji, bila kunyanyua hata kisigino. Pengine ndiyo maana hakuna mwanabenchi aliyewahi kuupanda. Kushoto hukaa kinyozi wa jirani, aitwaye Redio kwa sababu hazimwi. Kulia hukaa Wakili, ambaye mahakama anaijua kwa nje tu. Kazi yake ni kuwajazia watu fomu. Katikati hukaa Fundi mwenyewe, chini ya kibao alichokiandika kwa mkono wake: GUNDI SAA MOJA TU, VAA UENDE. Miaka ishirini na sita amebandika soli za wapanda mlima. Buti zilizopita mikononi mwake zimefika kileleni mara chungu nzima. Yeye hajafika hata getini.

Alasiri hiyo simu ya Fundi ilikuwa inazunguka toka mkono hadi mkono. Mdogo wake, mpagazi wa mlimani, alikuwa amemtumia picha. Amesimama kando ya mmea wenye majani manene, na katikati ya majani limechomoza shada la maua lililosimama wima kama gunzi la mahindi, ila gunzi hilo linawazidi watu wawili waliobebana.

— Kabichi hiyo, — alisema Redio. — Imekosa wa kuichuma, ikajiendea zake.

— Kabichi gani ya urefu wa nguzo ya umeme?

— Mbolea, Wakili! Wageni wanapanda na vitamini zao, wakichoka wanazimwaga hukohuko. Wewe ulitegemea nini?

— Mimi nasema huyo mpagazi amechuchumaa.

— Amesimama, — alisema Fundi.

— Kwa macho amesimama. Kisheria amechuchumaa.

Muuza kahawa akawamiminia vikombe, akatikisa birika kuwaonyesha kwamba limebaki jepesi. Hakuna aliyemjali.

Fundi akaeleza, kwa mara ya nne wiki hiyo. Marehemu baba yao alikuwa mwongoza wageni. Aliukuta mmea huo ungali wa kimo cha goti, akaupangia mawe kuuzunguka. Akawaambia wanawe kwamba mmea wa aina hiyo huchanua mara moja tu maishani, kisha unakauka na kufa. Siku utakapochanua, alisema, simameni pale nyote wawili, niwepo nisiwepo. Baba ana miaka tisa kaburini, na sasa umechanua. Kesho alfajiri mdogo mtu anapanda tena, na anataka kupanda na kaka yake.

— Sasa si uende? — aliuliza Wakili.

— Ningekwenda. Nivae nini? Buti za mzee ndizo hizo hapo chini, nimezibandika soli mpya. Gundi haijakauka.

Buti zilikuwa chini ya benchi. Zilikuwa hapo kwa wiki ya tatu.

— Pole sana, — alisema Redio, kwa huruma ya mtu asiyetaka kupoteza mwenzake wa kunywa naye kahawa. — Na huko kwenyewe si kuzuri. Nasikia mmea huo usiku unafunga majani.

— Unajikunja kulinda chipukizi la katikati lisigande, — alisema Fundi. — Baba alikuwa akisema hivyo.

— Basi si mmea! Kinachofunga mlango usiku ni mwenye nyumba.

— Na kama ni mwenye nyumba, — Wakili akadakia, — Fundi ukisimama pale bila hati umevamia. Halafu jiulize: kiumbe kinakaa miaka yote hiyo kimya, baba yako akishakufa ndiyo kinajitokeza na maua. Kinadai urithi hicho.

— Na hewa je? — aliongeza Redio. — Watu wanafika juu wanakosa pumzi. Mnadhani hewa imekwenda wapi? Iangalieni picha. Dude hilo limenenepa kwa nini?

— Lahaula! — alisema Fundi. — Kumbe ndilo linalovuta!

Alilipokea neno hilo kwa mikono miwili. Alikuwa anaogopa. Aliogopa baridi na kukosa pumzi, lakini zaidi aliogopa kuyaona yale mawe, yamepangwa kwa mkono wa baba yake, na kulia kama mtoto mbele ya wapagazi. Hilo hakumwambia mtu. Gundi ilikuwa rahisi zaidi kuieleza.

Ndipo alipotokea mama yake, na mfuko mkononi. Wote watatu wakasimama.

— Shikamoo mama.

— Marahaba wanangu. Kaeni, mna kazi nyingi.

Hakukaa. Alitoa kwenye mfuko sweta la kijivu lililotiwa viraka viwiko vyote viwili, akampa mwanawe. Kisha akainama, akaokota buti moja, akaikunja soli, akaivuta kwa kucha. Haikuachia hata uzi.

— Baba yako angeifurahia kazi hii, — alisema. — Hebu niambie, mwanangu. Gundi ya wateja wako hukauka baada ya muda gani?

Redio alitazama kikombe chake. Wakili alitazama kibao, akajuta, akatazama barabara.

— Kahawa imekwisha, — alisema muuza kahawa, akaokota vikombe vyake.

Mama bado alikuwa ameishika ile buti, anangoja kujibiwa. Fundi akavua ndala ya kulia, akaipokea buti kutoka mkononi mwake, akaivaa.

Ilimtosha.